Kazi Iliyotoka Mkononi Ikiwa Timamu

Katika mji wa Butembo, mashariki mwa Kongo, ambako majumba yamepandishwa vilimani kwa mali ya wafanyabiashara zaidi kuliko kwa fadhila ya serikali, yupo fundi mmoja ambaye riziki yake ni kuzifufua mashine za michezo ambazo ulimwengu umekwisha kuzisahau. Mashine zenyewe ni PlayStation 2, ambazo kampuni ya Sony ilianza kuziuza Japani tarehe 4 Machi 2000 na ikaacha kuziunda mwanzoni mwa mwaka 2013, baada ya kuuza zaidi ya milioni 150 duniani kote. Fundi huifungua mashine kwa bisibisi nyembamba, akaondoa vumbi jekundu la barabara zetu, akafuta lenzi kwa pamba iliyoloweshwa spiriti, akairudisha mahali pake kwa taadhima ya mtu ajuaye kuwa hakuna duka la kumpa nyingine. Na kila amalizapo huijaribu kwa diski ile ile moja, diski ya kandanda iliyoundwa na kampuni ya Kijapani ya Konami, kwa hoja kwamba mashine iwezayo kuucheza mchezo ule mpaka dakika ya tisini imepona, na isiyoweza haijapona, hata kama inacheza mingine yote.

Nilimtazama kwa muda mrefu, na fikira iliyonijia ni kwamba fundi huyu na wale walioiunda diski hiyo, ambao hawana habari kuwa yupo, ni watu wa maadili mamoja. Konami yenyewe ilizaliwa katika kazi ya kutengeneza vilivyoharibika. Mwaka 1969, mkoani Osaka, Kagemasa Kozuki alikuwa akikodisha na kurekebisha masanduku ya muziki, yale ambayo mtu huyatia sarafu yakaimba. Na aliyezoea kuitwa usiku kwa sababu sanduku limenyamaza hukaa na dhamiri ya pekee, dhamiri ya kutaka kitu kikitoka kwake kisirudi. Kutoka hapo ikaja michezo ya elektroniki: Frogger mwaka 1981, Gradius mwaka 1985, Castlevania mwaka 1986, Contra na Metal Gear mwaka 1987. Sina nia ya kuihesabu yote, kwa kuwa aghalabu haikufika kwetu wakati wake, na iliyofika ilifika kwa njia ya Kampala na mpaka wa Kasindi, katika mizigo ya wachuuzi, ikiwa imechelewa miaka kumi.

Lakini kisa kimoja cha zama zile nakipenda. Kazuhisa Hashimoto, aliyepewa kazi ya kuuhamisha mchezo wa Gradius kutoka mashine kubwa za vilabuni kwenda mashine ndogo ya nyumbani, aliuona mgumu kupita uwezo wake, na kwa kuwa ilimlazimu kuujaribu wote mpaka mwisho kabla ya kuutoa, alijiwekea mfululizo wa siri wa vitufe, juu mara mbili, chini mara mbili, kushoto na kulia mara mbili, kisha B na A, ambao ulimpa silaha zote kwa mara moja. Siri ile ikabaki ndani mchezo ulipouzwa mwaka 1986, na watoto wa mabara yote wakaijua. Watu hukumbuka siri. Mimi nakumbuka sababu yake, yaani kwamba fundi aliona ni wajibu wake kufika mwisho wa kazi yake mwenyewe kabla hajaikabidhi kwa mtu mwingine. Hashimoto alifariki mwezi wa Februari 2020, na salamu za rambirambi zilitoka kwa watu wasiojua hata neno moja la lugha yake.

Kandanda ilianza Konami kwa mikono miwili. Kundi la Osaka lilitoa mchezo wake mwaka 1994, na kundi la Tokyo likaanza wake mwaka 1995, ule uitwao Winning Eleven, ambao huko Ulaya ulipewa jina la International Superstar Soccer Pro na baadaye, kuanzia mwaka 2001, Pro Evolution Soccer. Kundi la Tokyo ndilo lililoshinda nyoyo, na aliyeliongoza kwa miaka mingi ni Shingo Takatsuka, ambaye wenzake walimwita Seabass. Kila mwaka walitoa toleo, na kila toleo lilikuwa ni lile lililopita likiwa limepigwa msasa: hapa mzunguko wa mwili umelegezwa, pale mlinda mlango amefundishwa kutoka golini, kwingine refa ameongezewa subira ya kumwacha aliyechezewa vibaya aendelee na mpira wake. Mwaka 2003 waliweka usoni pa kasha si mshambuliaji bali refa, Pierluigi Collina, jambo ambalo sijaliona likifanywa na mwingine.

Ustadi wao mkubwa ulikuwa katika mpira wenyewe. Katika michezo mingi ya zamani mpira ulikuwa kama umegandishwa kwenye kiatu, ukienda aendako mchezaji, ukigeuka ageukapo. Mafundi wa Tokyo waliutenga. Waliufanya uwe kitu huru chenye uzito wake, kinachoguswa, kinachotangulia, kinachompotea mwenye pupa. Kiasi kwamba aliyeshika kitufe cha kukimbia bila kukiachia alijikuta mpira umemwacha hatua mbili mbele na beki amekwisha uchukua, na aliyejaribu kutoa pasi huku mwili umeelekea upande mwingine, kwa mguu asiouzoea, aliona pasi imelegea njiani. Mchezo ulimwadhibu mwenye haraka na kumlipa mwenye kutazama. Nimewaona vijana waliokuwa wakali wa maneno mitaani wakiketi mbele ya televisheni ile na kujifunza, mechi baada ya mechi, kungoja.

Vijana hao waliutawala mchezo kwa alama nne tu zilizochorwa kwenye maneti, yaani vidhibiti vya mkononi: msalaba kwa pasi fupi, duara kwa mpira mrefu, mraba kwa shuti, pembetatu kwa pasi ya kupenya katikati ya mabeki. Ile pembetatu ndiyo iliyokuwa mtihani wa mwenye kujua. Mraba kila mtu aliuweza, hasa aliyemchagua Adriano wa Inter katika toleo la mwaka 2006, ambaye shuti la mguu wake wa kushoto lilipewa alama 99, na likapigwa marufuku katika vyumba vingi vya michezo kwa makubaliano ya wachezaji wenyewe. Bali pembetatu ilitaka mtu amwone mwenzake kabla mwenzake hajakimbia, na aushikilie uamuzi wake kwa nusu ya pumzi. Kijana mmoja wa mtaa wetu, mpole, asiyemaliza shule kwa ukosefu wa karo, alikuwa na pembetatu ambayo watu wazima waliacha shughuli zao wakaja kusimama mlangoni kuitazama. Hakupata kutajwa popote kwa hilo. Mimi namtaja, ijapokuwa silitoi jina lake.

Diski nyingi zilizotufikia zilikuwa nakala za matoleo ya Kijapani, na orodha zote zilizotokea kwenye kioo ziliandikwa kwa herufi ambazo hakuna mmoja wetu aliyeweza kuzitamka. Vijana walizisoma kwa mahali: mstari wa kwanza ni mechi, wa tatu ni kombe, wa chini kabisa usiuguse. Walijua pia kwamba diski ya Japani hukubali kwa duara na kukataa kwa msalaba, ilhali diski ya Ulaya hufanya kinyume chake, na mtu akiingia chumbani akabonyeza mara moja tu alikwisha jua ni diski ya wapi. Sauti ya mtangazaji, Jon Kabira, aliyekuwa akipaza kelele za goli kwa Kijapani, ilisikika katika vichochoro vya Butembo jioni, ikichanganyika na mngurumo wa jenereta, na watoto wakaiiga barazani neno kwa neno bila ya kujua maana yake.

Jambo jingine lililowapendeza watu wa mji huu wa biashara ni ile Ligi ya Master, iliyoanza katika toleo la mwaka 1999. Mchezaji hakupewa mashujaa. Alipewa watu wasiojulikana ambao Konami iliwabuni, Castolo, Minanda, Ximelez, na golini Ivarov, wazito wa miguu, wafupi wa pumzi, akatakiwa ashinde nao kidogo kidogo, akusanye alama, amnunue mmoja aliye bora, kisha mwingine. Katika Butembo, ambako baba wa leo mwenye maghala na safari za Dubai na Guangzhou alianza kwa kubeba maharage na vitunguu vya wengine, hakuna aliyehitaji kuelezwa maana ya kuanza namna hiyo. Wapo waliofika kileleni na bado wakakataa kumuuza Minanda.

Nisingekuwa mwadilifu nikiisifu kazi ya Japani na kuinyamazia ardhi yetu. Mwaka ule ule wa 2000 mashine ilipozinduliwa, bei ya tantali, madini yanayotolewa katika koltani, ilipanda takriban mara kumi katika soko la dunia, na watu wa Lubero na Walikale waliacha majembe na madawati wakaingia mashimoni. Mwaka uliofuata bei ikaanguka, na mashimo yakabaki. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliandika mwaka 2001 jinsi majeshi na makundi ya wenye silaha yalivyotajirika kwa madini hayo. Wengi waliitaja PlayStation 2 kuwa miongoni mwa sababu, na nadhani waliipa uzito kupita kiasi, kwa kuwa simu za mkononi zilitaka zaidi. Hata hivyo yule fundi, afunguapo mashine, hugusa vipande ambavyo haviwezi kumwambia vilichimbwa wapi, na huenda vingine vimerudi nyumbani.

Huko Beni, mji jirani, chumba cha michezo kilikuwa na maana nyingine tena. Tangu Oktoba 2014 mauaji ya raia yalipoanza kuuzunguka mji ule, jioni ilikoma kuwa saa ya watu kutembea, na wenye vyumba wakajifunza kufunga kabla jua halijazama. Kisha ikaja Ebola, iliyotangazwa huko Mangina tarehe 1 Agosti 2018 na isiyotangazwa kwisha mpaka tarehe 25 Juni 2020, ikiwa imeua zaidi ya watu 2,200. Salamu za mikono zilikoma, ndoo ya maji ya klorini ikawekwa kila mlango, na nilimwona mwenye chumba mmoja akizifuta maneti zake kila mechi ilipokwisha, moja baada ya nyingine, kitufe kwa kitufe, na vijana wakimngoja bila ya kumhimiza. Hawakuwa wakitafuta kusahau. Walikuwa wakitafuta dakika kumi za saa ambamo kosa huonekana, refa hupiga filimbi, na aliyeshindwa husimama akampisha mwingine kitini.

Konami haikuiacha mashine hii upesi: mwishoni mwa mwaka 2013, Sony yenyewe ikiwa imekwisha kuacha kuiunda, bado ilitoa toleo la 2014 kwa ajili yake. Nalihesabu tendo hilo kuwa ihsani. Lakini ndani ya nyumba ile mambo yalikuwa yanabadilika. Mabingwa waliondoka mmoja mmoja, Hideo Kojima wa Metal Gear akiwamo, mwaka 2015, na hesabu za fedha zikachukua kiti cha mbele. Tarehe 30 Septemba 2021 jina la Pro Evolution Soccer lilizikwa na badala yake ukatolewa mchezo wa bure uitwao eFootball, ambao wachezaji wake walikuwa na nyuso zilizopinda na mikono iliyokwenda isikotakiwa, na mpira, ule mpira uliolelewa tangu mwaka 1995, ukapita miilini mwa watu. Kampuni iliomba radhi mara moja, na toleo walilolihesabu kuwa la kwanza kamili likatoka mwezi wa Aprili 2022.

Mchezo huo umerekebishwa sana tangu siku zile, na insafu yanitaka niseme hivyo. Ninacholaumu ni ile dhana, ambayo si ya Konami peke yake, kwamba kazi yaweza kutolewa ikiwa nusu, kisha mwenye kuitumia akatumiwa iliyobaki kwa intaneti. Diski haikuruhusu uzembe huo: ikishapigwa chapa imepigwa, na kosa lililomo litaishi humo daima likimtaja aliyelifanya, kwa hiyo mafundi walikesha. Na aliyeinunua diski Butembo aliimiliki. Hakuhitaji idhini ya mtu wa Tokyo ili acheze mwaka wa kumi na tano. Leo kijana huupakua mchezo kwenye simu kwa megabaiti alizozinunua kwa faranga za chakula, na akiupata, kesho unadai nyongeza kabla haujafunguka. Salio likiisha katikati ya mechi amehesabiwa ameshindwa. Siku kampuni itakapozima mitambo yake, mchezo wenyewe utakuwa haupo tena, na fundi wetu hatakuwa na kitu cha kufungua kwa bisibisi.

Iko hasara nyingine ambayo imekwisha kutokea, nayo hainipi raha. Mafundi wa Konami waliacha katika michezo yao mlango wa kuhariri, ambamo mtu aliweza kubadili majina, jezi na nyuso, na vijana wa Butembo na Beni waliingia mlangoni humo kwa bidii: walichukua timu isiyo na mwenyewe wakaifanya Mazembe, klabu ya Lubumbashi, wakamweka Kidiaba golini na Trésor Mputu mbele, wakaifanya nyingine kuwa timu ya mtaa wao, pamoja na majina ya wachezaji wa uwanja wa shule, na wakaibishania kasi ya kila mmoja kwa siku nzima mpaka wakapatana. Yote hayo yaliandikwa katika kadi ndogo za kumbukumbu zenye megabaiti 8. Historia ya matoleo ya Konami imehifadhiwa vizuri, kwa tarehe na kwa picha za makasha, na wapo watu Ulaya, Japani na Marekani waitunzao kwa mapenzi; bali timu zile za Butembo hakuna aliyezinakili. Kadi zilipoharibika fundi alizitupa katika sanduku la vyuma, kwa sababu hakuwapo aliyeuliza, na baadhi ya vijana waliotiwa majina humo hatunao tena. Sanduku hilo lingaliko dukani kwake, nami nimemwomba asiliuze kwa wanunuzi wa chakavu mpaka apatikane mtu awezaye kuzisoma kadi zilizobaki.