Joan Perucho, Hakimu wa Mambo Yasiyowezekana

Joan Perucho alizaliwa Barcelona mwaka 1920, akasomea sheria, akawa hakimu. Naanza na uhakimu wake kwa sababu humo ndimo ulimo ufundi wake. Hakimu haridhiki na maneno matupu. Hutaka tarehe, mahali na jina la shahidi. Perucho aliichukua desturi hiyo ya mahakamani akasimulia nayo mambo ambayo mahakama yoyote ingeyatupilia mbali.

Chukua riwaya yake ya Kikatalani, Les històries naturals, ya mwaka 1960. Ni miaka ya 1830, na Uhispania inawaka moto wa vita vya kugombea kiti cha enzi. Antoni de Montpalau, mtaalamu wa viumbe kutoka Barcelona, mtu wa sayansi asiyekubali ushirikina, anafunga safari kumsaka mnyonya damu katika kijiji cha Pratdip. Tunangoja giza na mayowe. Perucho hana haraka: anatupitisha kwanza kwenye mimea na wadudu, vitabu vya kale na mazungumzo ya sebuleni. Hata mnyonya damu ana nasaba yake. Ni Onofre de Dip, kabaila wa zama za mfalme Jaume wa Kwanza, karne ya 13, aliyepatwa na balaa hilo katika milima ya Karpati.

Sasa tazama mshono. Pratdip ni kijiji cha kweli, kipo Tarragona, na tangu zamani kina masimulizi ya mbwa wanyonyao damu. Jenerali Ramón Cabrera, ambaye riwayani anaumwa na mnyonya damu huyo, naye ni mtu wa historia, na kweli aliugua sana vita vilipokaribia kwisha. Perucho hakubuni ugonjwa. Alibuni chanzo chake tu, akakiingiza pale historia ilipoacha nafasi. Ndiyo maana ukisoma hujui ni wapi ulipovuka kutoka kwenye kumbukumbu hadi kwenye njozi. Ucheshi umo tele, ila haumdhalilishi mhusika wala msomaji.

Mkono huohuo uliandika mashairi, insha, na pamoja na mwandishi Néstor Luján kitabu kikubwa cha mapishi ya Uhispania. Katika Botànica oculta (1969) alieleza mimea ya ajabu kwa utulivu wa mtaalamu wa mimea.

Wakati Les històries naturals ilipotoka, wahakiki walitaka riwaya za uhalisia, zinazoonyesha dhiki za jamii chini ya udikteta wa Franco. Nawaelewa, ila walimpita fundi. Heshima ilikuja polepole. Mwaka 1994 mhakiki Harold Bloom wa Marekani aliitaja riwaya hiyo katika orodha ya vitabu vikuu vya Magharibi, na mwaka 2002 Uhispania ikampa Perucho Tuzo ya Taifa ya Fasihi, mwaka mmoja kabla hajafa.

Tafsiri yake ya Kiingereza, iliyofanywa na David H. Rosenthal, ipo tangu 1988. Ikikufikia mkononi isome taratibu, na usiziruke kurasa za mimea.