Majina Yanayokana

Jina la mtu ni fupi kuliko mshororo, na aghalabu lina siri nyingi kuliko ubeti mzima. Vitabu vya kuwachagulia watoto majina huifupisha siri hiyo: jina upande huu, maana upande wa pili. Mpenzi wa ushairi hatosheki na hesabu ya namna hiyo, kwani anajua kuwa neno huchukua rangi ya mahali lilipowekwa. Riwaya ya Jhumpa Lahiri iitwayo The Namesake, iliyotoka mwaka 2003, yafaa kusomwa kwa jicho hilo, maana kisa chake kimejengwa juu ya majina ya familia moja ya Kibengali iliyohamia Marekani.

Baba anaitwa Ashoke, mama Ashima. Majina yote mawili yana asili ya Kisanskriti, na yote yameundwa kwa kiambishi kimoja, a-, ambacho kazi yake ni kukana. Shoka katika lugha hiyo ni huzuni. Ashoke ni asiye na huzuni. Sima ni mpaka. Ashima ni asiye na mpaka. Ndivyo alivyo Abhay, asiye na hofu, na Ajit, asiyeshindwa. Ndivyo alivyo pia Amartya, asiye wa kufa, jina ambalo mshairi Rabindranath Tagore alimchagulia mtoto aliyezaliwa Santiniketan mwaka 1933, yule Amartya Sen aliyepata Tuzo ya Nobel ya uchumi mwaka 1998. Mzazi hutaja jambo analolihofia, kisha akalikana. Mwambao una Tabu, Shida na Mashaka, majina yanayoitaja dhiki na kuiacha isimame. Majina haya ya Kihindi huitaja dhiki ili kuifukuza.

Msomaji na ajihadhari, hata hivyo, na mfanano wa sauti. Anil halikani chochote; maana yake ni upepo. Asha wa Bara Hindi ni tumaini, ilhali Asha wa Unguja na Pemba ni Aisha, jina la Kiarabu lenye maana ya aliye hai. Majina hayo yanalingana matamshi, na asili zake ni mbalimbali.

Ustadi wa Lahiri umo katika kuyaweka majina haya mbele ya maisha yanayoyapinga. Asiye na huzuni anafariki ghafla, mbali na mkewe na wanawe, na huzuni inaingia nyumbani kwa mlango ule ule uliofungwa kwa jina lake. Mwana wao anaitwa Gogol kwa sababu barua ya bibi yenye jina alilomchagulia ilipotea njiani, na kwa sababu kitabu cha mwandishi huyo Mrusi kilikuwa mkononi mwa baba usiku alioponea ajali ya treni. Wabengali wana jina la nyumbani na jina rasmi. Kijana huyu akabaki na la nyumbani hata shuleni. Baadaye anajiita Nikhil, yaani aliye kamili, lakini ukamilifu wa karatasini haumponyi. Maana iliyomlemea ni ile asiyoijua, ya baba aliyetolewa hai katika mabehewa yaliyopondeka, nayo haimo katika kamusi yoyote.

Hapo riwaya inafaulu. Panapopungua ni pale inapoliacha jina liwe suala la kuchagua na kubadilisha tu. Ukoo wa Ganguli ni wa Kibrahmani, na majina mema ni urithi wake. Bengali hiyo hiyo ina Tinkori, yaani kauri tatu. Mama aliyefiwa na watoto alikuwa akimuuza kwa mfano mtoto mchanga kwa mkunga, kwa kauri chache, ili mauti yasimwone kuwa ni wa thamani. Huko nako ni kukana, ila kinachokanwa ni mtoto mwenyewe, kwa mapenzi.

Tena kuna kukana kusiko na mapenzi. Sheria za Manu, maandiko ya kale ya Kihindu, zinaagiza katika sura ya 2 kwamba jina la Brahmani liashirie baraka, la Kshatriya nguvu, la Vaishya mali, na la Shudra jambo la kudharauliwa. Tarehe 25 Desemba 1927, mjini Mahad, B. R. Ambedkar na wafuasi wake walikichoma kitabu hicho hadharani. Kwa watu wa tabaka hilo jina halikuwa pambo wala dua; lilikuwa amri ya kukaa chini, na aliyelibeba hakuulizwa.

Riwaya ya Lahiri haiwezi kulaumiwa kwa kutosimulia kisa cha watu wengine. Lakini msomaji anayeifunga akidhani ameyajua majina ya Kihindi amesoma upande wenye neema. Mwishoni Ashima anaamua kugawa mwaka wake baina ya Bara Hindi na Marekani, na jina lake linapata maana kwa gharama ya ujane na nyumba iliyouzwa. Kuwa bila mpaka ni baraka, na pia ni kutokuwa na kwao. Kitabu cha majina kingeandika neno la kwanza tu.