Kupinda kwa wakati katika fantasia si mbinu rejeshi

MWANAFUNZI mmoja wa kidato cha tatu aliniletea insha aliyohakiki ndani yake riwaya za Narnia za C.S. Lewis. Alikuwa amezisoma kwa Kiingereza, akaamua kuzihakiki kwa Kiswahili. Hilo ni jambo la kupongezwa. Hata hivyo, alipofikia suala la wakati, aliandika kwamba Lewis 'ametumia mbinu rejeshi kwa sababu watoto wanarudi nyuma'. Hapo ndipo alipoteleza, na si yeye pekee. Aghalabu wanafunzi wetu, na hata sisi walimu, tukiona tu wakati umevurugika katika hadithi, tunakimbilia istilahi ile ile tuliyoizoea.

Mbinu rejeshi ni suala la usimulizi. Msimulizi hukatiza tukio linaloendelea ili asimulie lililotangulia. Mhusika haendi popote. Ni mpangilio wa maelezo tu uliobadilishwa. Katika Narnia, kinachopinda si mpangilio wa maelezo bali wakati wenyewe wa ulimwengu uliobuniwa.

Tutazame riwaya ya kwanza, iliyochapishwa mwaka 1950. Lucy anaingia kabatini wakati yeye na ndugu zake wanaichunguza nyumba, anatokea kwenye nchi ya theluji, anakaa saa kadhaa akinywa chai na kiumbe ambaye ni nusu mtu nusu mbuzi. Anaporudi, ndugu zake wanamshangaa. Eti alikuwa wapi, ilhali ametoweka kwa muda usiofika hata dakika moja? Wanamwona mwongo. Profesa mwenye nyumba ndiye anayewakosoa: mtoto anayetunga uongo angejificha kwa muda wa kutosha kabla ya kutoka na kisa chake. Kutolingana kwa saa ndiko kunakomfanya aelekee kumwamini.

Kiswahili kina maneno mawili yanayoweza kutufaa hapa, ingawa mitaani tunayachanganya: wakati na muda. Wakati hutaja hasa lini jambo linatokea. Muda hutaja urefu wake. Twasema 'wakati wa mavuno', kisha 'muda wa saa mbili'. Sasa tuyatumie. Mwishoni mwa riwaya hiyo, ndugu wanne wametawala Narnia kwa muda wa miaka mingi hadi wakawa watu wazima. Wanapotoka kabatini, wakati ni ule ule waliouacha, saa ile ile, nao ni watoto tena. Muda umepita, wakati haukusogea. Mwanafunzi akiandika hivyo, ameeleza jambo ambalo istilahi 'mbinu rejeshi' haiwezi kulieleza kamwe.

Ajabu ni kwamba mbinu rejeshi halisi imo katika riwaya ya pili, Prince Caspian, ya mwaka 1951. Watoto wanarejea baada ya mwaka mmoja wa Uingereza na kukuta magofu yaliyomezwa na miti. Susan anaokota kete ya sataranji ya dhahabu, na polepole wanang'amua kwamba magofu hayo ni kasri lao wenyewe. Huko Narnia zimepita karne nyingi. Huo ndio wakati uliopinda. Baadaye kibete Trumpkin anawasimulia maisha ya Caspian hadi siku ile. Hiyo sasa ndiyo mbinu rejeshi! Yote mawili yamo katika kitabu kimoja, na mhakiki makini hana budi kuyatenga.

Lakini kutaja mbinu si kuhakiki. Lazima tuulize: imemfaa nini mwandishi? Kwa maoni yangu, Lewis anayumba katika riwaya ya kwanza. Watu wazima waliokuwa wafalme na malkia wanarudishwa utotoni ghafla, na kinachowashughulisha mara moja ni jinsi ya kumweleza profesa kuhusu makoti manne yaliyopotea. Je, miaka yote ile haikuwaachia kovu lolote? Muda usiomwachia mtu alama ni pambo tu.

Anajirekebisha katika The Silver Chair, ya mwaka 1953. Eustace, aliyesafiri baharini na mfalme kijana Caspian likizo iliyopita, anatua Narnia akiwa na agizo lililopitia kwa mwenzake Jill: amsalimu mara moja rafiki yake wa zamani atakayemwona. Anamtazama mfalme mkongwe akipanda merikebu, hamtambui, na merikebu inang'oa nanga. Eustace alikuwa akimtafuta kijana. Amehesabu siku kwa kalenda ya kwao, akampoteza rafiki aliyesimama mbele ya macho yake. Hapo kupinda kwa wakati kumegeuka kuwa huzuni ya kweli, huzuni anayoijua yeyote aliyekaa ughaibuni akirudi kumkuta mzazi aliyemwacha na nguvu akitembelea mkongojo.

Nilimrudishia mwanafunzi yule insha yake nikiwa nimekata maneno mawili tu, 'mbinu rejeshi', na kuandika pembeni maswali mawili: Muda umepita kwa nani? Umemgharimu nini? Nawaachia nanyi, wapenzi wasomaji, maswali hayo. Yatawafaa kila mnapokumbana na riwaya ambamo saa za ulimwengu mmoja hazilingani na za mwingine.