Kurejesha Dawa Kali Usoni Baada ya Tiba ya Leza

Katika matibabu ya uso yanayofanywa siku hizi kwa miale ya leza, sehemu ipewayo fikra kubwa ni ule muda mfupi ambao mgonjwa hulala kitandani na tabibu akashika chombo. Na sehemu ipewayo fikra haba, ilhali aghalabu ndiyo iamuayo kama uso utatoka na nuru au na madoa, ni yale majuma yanayofuata, wakati mwenye uso yuko nyumbani kwake, mbele ya kioo na vichupa vyake. Retinoli, tretinoini, vitamini C, asidi ya glaikoliki na asidi ya salisiliki ni dawa zenye manufaa thabiti kwa ngozi iliyo nzima; walakini ngozi iliyotoka kupigwa leza si nzima, na dawa iliyokuwa ikiitengeneza jana yaweza kuiunguza leo. Muradi wa makala haya ni kuchambua jinsi matabibu wa ngozi wanavyozirejesha dawa hizo, na kubainisha kwamba utaratibu wao, maadamu umefanywa sawasawa, haukujengwa juu ya tarehe za kalenda, bali juu ya mambo matatu yatukiayo katika ngozi kwa zamu: jeraha kufunga, kinga ya juu kurudi, na rangi kutulia.

Ili sababu ya utaratibu huo idhihirike, hatuna budi kuanza na kazi ya leza yenyewe. Mwaka 1983 R. Rox Anderson na John Parrish wa Marekani walieleza katika jarida la Science kanuni iliyo msingi wa leza za ngozi hadi leo: kwamba mwanga, ukichaguliwa urefu wa wimbi lake na ukapigwa kwa muda mfupi unaofaa, waweza kuunguza kitu kimoja tu ndani ya ngozi, kama vile mishipa ya damu au melanini, na kuviacha salama vilivyo kando yake. Leza ya kaboni dayoksaidi, ambayo wimbi lake ni nanomita 10,600, hunaswa na maji. Na kwa kuwa ngozi imejaa maji, katika miaka ya 1990 leza hiyo ilitumika kuondoa tabaka zima la juu la uso, na mgonjwa akabaki na jeraha bichi kwa siku saba hadi kumi au zaidi, kisha na wekundu uliodumu kwa miezi. Ndipo mwaka 2004 Dieter Manstein, Anderson na wenzao walipotangaza mbinu ya kuugawa mwale, ambayo kwayo joto hushuka ngozini katika nguzo nyembamba, zile za awali zikiwa na upana wa takriban mikromita 100, na baina ya nguzo hizo ngozi nzima ikaachwa makusudi ili iwe chimbuko la kuiponya ile iliyoungua. Fikra hiyo ilihamishiwa baadaye kwenye leza ya kaboni dayoksaidi, ambayo haiishii kuunguza nguzo bali huigeuza kuwa mvuke, na hivyo huacha vitundu halisi vinavyopenya hadi kwenye tabaka la ndani.

Tuchukue basi mfano ulio wa kawaida katika zahanati za ngozi za Nairobi, Dar es Salaam, Muscat na Dubai: uso wa rangi ya maji ya kunde au mweusi, wenye makovu ya chunusi yaliyobonyea, uliotibiwa kwa leza hiyo ya vitundu. Siku ya kwanza na ya pili uso huvimba, huwaka moto na hutoa majimaji. Kisha hufunikwa na vidonge vidogo vya rangi ya kahawia, ambavyo ni mabaki ya ngozi iliyoungua yakisukumwa nje. Na baina ya siku ya tatu na ya saba mabaki hayo hupukutika yenyewe, maana seli mpya zimekwisha kutambaa kutoka kandokando na kuviziba vitundu. Kanuni inayotawala siku hizo ilithibitishwa mwaka 1962 na George Winter wa Uingereza, aliyeonyesha kwa majeraha ya nguruwe kwamba jeraha lililohifadhiwa katika unyevu hufunga kwa haraka takriban mara mbili kuliko lililoachwa likauke. Kwa hiyo kazi ya hatua ya kwanza ni chache na wazi: kuosha kwa maji safi na kitakaso kisicho na povu kali wala manukato, kupaka vaselini au malhamu nyingine aliyoagiza tabibu, kukaa kivulini, na kutokibandua kidonge hata kimoja kwa kucha. Kiambato kikali hakina mlango katika hatua hii, hata kwa kiasi kidogo.

Hatua ya pili ndiyo inayowapotosha wengi, kwa sababu adui wake haonekani. Tabaka la juu kabisa la ngozi ya uso, ambalo unene wake ni kama mikromita 10 hadi 20 tu, limejengwa mithili ya ukuta wa nyumba za kale za Lamu: seli bapa zilizokufa ni mawe ya matumbawe, na baina yake kuna chokaa ya mafuta, yaani seramaidi, kolesteroli na asidi za mafuta, ambayo huzuia maji ya mwilini yasitoke na sumu za nje zisiingie. Vidonge vikipukutika, mawe yamekwisha kupangwa, lakini chokaa haijakauka. Uso unang'aa, mguso wake ni laini, na mwenyewe akijitazama hudhani amepona, kumbe maji yangali yakimtoka ngozini kwa wingi kuliko kawaida na kila apakacho chaingia kwa wingi kuliko alivyokusudia. Kipimo rahisi kipo, nacho chastahili kuaminiwa kuliko kioo: ikiwa mafuta ya kawaida ya kulainisha ngozi, yasiyo na dawa wala manukato, yanachonyota yakipakwa, au uso unakaza kila baada ya kuoshwa, kinga haijarudi, na hesabu ya siku haiwezi kuligeuza jambo hilo.

Hapa yafaa kueleza kwa nini dawa njema huwa na madhara mahali hapa. Vitundu vya leza ni njia, na matabibu wenyewe huvitumia kwa makusudi kupitishia dawa ambazo ngozi nzima ingezizuia. Basi lile linalofanywa kwa hesabu kliniki hutukia bila hesabu nyumbani, pale kipodozi kilichotengenezwa kwa ajili ya juu ya ngozi kinapozama ndani pamoja na rangi, manukato na vihifadhi vyake. Mwaka 2014 madaktari wa Marekani walitoa habari za wanawake waliotibiwa kwa sindano ndogo ndogo za usoni, mbinu iliyo jirani na leza kwa kuwa nayo hutoboa ngozi, baadhi yao wakiwa wamepakwa maji ya vitamini C, na nyuso zao zikaota vinundu vya mwili kupigana na kitu kigeni. Fauka ya hayo, kila dawa ina tabia yake: tretinoini na retinoli huharakisha seli kuzaliwa na hulipunguza unene lile tabaka la juu ambalo ndilo kwanza linajengwa, asidi ya glaikoliki hulegeza vifungo vya seli, vitamini C ya asili yake, yaani asidi ya askobiki, hutengenezwa katika uchachu ulio chini ya pH 3.5 ili iweze kupenya, ilhali uso wenye afya uko karibu na pH 5. Na benzoili peroksaidi huua vijidudu kwa oksijeni kali iitoayo, nayo haichagui baina ya kijidudu na seli changa.

Hata hivyo, kwa msomaji wa pwani na bara ya Afrika Mashariki hatari iliyo kubwa kuliko kuchonyota ni rangi. Mwaka 1975 Thomas Fitzpatrick wa Harvard alianza kuzigawa ngozi kwa namna zinavyopokea jua, na baadaye mgawanyo huo ukaongezwa aina ya tano na ya sita kwa ajili ya ngozi za kahawia na nyeusi. Ngozi hizo zina kinga bora dhidi ya jua, walakini seli zake zitengenezazo melanini huitika kwa ghadhabu kila ngozi ipatwapo na mwasho, zikamwaga rangi kupita kiasi na kuacha doa jeusi. Baada ya leza ya vitundu doa hilo aghalabu hujitokeza karibu na juma la tatu au la nne, nalo laweza kudumu miezi. Kwa hiyo uso ulio safi katika juma la pili si hoja ya kwamba hatari imepita. Tena wekundu, ambao vitabu vingi huutaja kuwa dalili ya mwasho, juu ya ngozi nyeusi huonekana kama zambarau au weusi uliokolea, au hauonekani kabisa; hivyo mkono unaopima joto na nafsi inayohisi mnyeo ni mashahidi wa kweli kuliko macho. Mtu aliyekwenda kutibiwa makovu, akaharakisha asidi, akaunguza ngozi changa, huishia na kovu lilelile na doa juu yake, na lawama huangukia leza.

Baada ya kufahamu hayo, mfuatano wa kurejesha dawa unajieleza wenyewe. Cha kwanza kurudi, mara tu jeraha lifungapo, ni kinga ya jua ya SPF 30 au zaidi, hususan yenye zinki oksaidi pamoja na oksidi za chuma. Maana kwa ngozi nyeusi si miale isiyoonekana pekee iletayo doa, bali hata mwanga uonekanao, na oksidi za chuma, ambazo ndizo huzipa krimu hizo rangi ya udongo, huuzuia mwanga huo. Kofia pana, mtandio na mwavuli ni sehemu ya tiba. Wala kioo cha dirisha la daladala si kinga, kwani hupitisha mwanga uonekanao na sehemu kubwa ya miale ya urujuanimno ya wimbi refu. Sambamba na kinga hiyo hurudi vilainishi vyenye seramaidi na asidi ya haialuroniki. Karibu na juma la pili, ikiwa kilainishi hakichonyoti, hufuata dawa za upole zinazotuliza rangi, kama nayasinamidi ya asilimia 2 hadi 5, kisha asidi ya azelaiki, na baadaye vitamini C. Tretinoini au retinoli hungoja hadi juma la tatu au la nne, nayo hurudi kwa nguvu ndogo, mathalan tretinoini ya asilimia 0.025, usiku mbili kwa juma, kiasi cha punje moja ya njegere kwa uso mzima, juu ya kilainishi na si chini yake. Asidi za kuchubua, glaikoliki na salisiliki, huja mwisho, juma la nne hadi la sita, wala hazipakwi usiku mmoja na retinoli; na mamlaka ya dawa ya Marekani hupendekeza vipodozi vyenye asidi za jamii ya glaikoliki viandikwe onyo kwamba huongeza wepesi wa ngozi kuunguzwa na jua muda wote wa kuvitumia na juma zima baada ya kuviacha.

Kanuni mbili hufunga mfuatano huo. Ya kwanza, dawa hurudi mojamoja, na baina ya moja na nyingine hupita juma moja au mawili, hata kama majuma yaliyotajwa yatasogea mbele, ili mwasho ukitokea mkosaji ajulikane. Ya pili, mwasho ukitokea, mtu harudi mwanzo kwa fadhaa wala hasongi mbele kwa ukaidi; huacha dawa ya mwisho, hukaa katika hatua iliyotangulia mpaka uso utulie, ndipo hujaribu tena. Aidha, leza zinatofautiana, na muda hupimwa kwa jeraha: leza ya Nd:YAG ya nanomita 1,064, ambayo ndiyo ipendelewayo kwa kuondoa nywele za ngozi nyeusi, haivunji tabaka la juu, na aghalabu juma moja hutosha, ilhali leza iliyoondoa tabaka zima huweza kudai miezi miwili au zaidi, na ruhusa ya tabibu aliyeuona uso kwa macho yake.

Jambo moja la kwetu lastahili kutajwa bila haya, nalo ni mkorogo, yaani mchanganyiko wa krimu za kujichubua rangi. Mwaka 1975 Albert Kligman na Isaac Willis walitangaza Marekani mchanganyiko wa haidrokwinoni, tretinoini na steroidi kwa tiba ya madoa. Na mwaka huohuo G. H. Findlay na wenzake wa Afrika Kusini walieleza ugonjwa wa ngozi kugeuka buluu na nyeusi kwa sababu ya krimu za haidrokwinoni zilizotumiwa ovyo. Dawa ni moja; tofauti ni kipimo, muda na usimamizi. Sheria za Tanzania na Kenya zimepiga marufuku vipodozi vyenye haidrokwinoni na zebaki, lakini vingali vikiuzwa kwa kificho, na mtu aliyevitumia miaka mingi huleta kwa tabibu ngozi iliyokonda, ambayo haitapona kwa mwendo uliosimuliwa hapa. Basi amwambie tabibu ukweli kabla ya leza, wala asiurudie mkorogo baada yake kwa tamaa ya kufuta doa; na tabibu aupokee ukweli huo bila kumdhalilisha, maana aliyeaibishwa huficha, na anayeficha huungua.

Maumivu yanayozidi baada ya siku ya tatu badala ya kupungua, usaha, homa, au malengelenge madogo yaliyokusanyika pamoja si mambo ya kutibiwa kwa vilainishi. Hayo humrudisha mgonjwa kliniki siku hiyohiyo. Na kwa kuwa mengi ya madhara niliyoyaeleza huzuilika kwa maarifa tu, ninawasihi matabibu wetu wampe kila mgonjwa, kabla hajalipa, waraka wa Kiswahili fasaha ulioandikwa si tarehe peke yake bali dalili za kila hatua: ngozi iliyofunga ionekaneje, kinga iliyorudi ihisiweje, rangi iliyotulia ijulikaneje. Nawasihi wagonjwa nao wauulizie waraka huo kwanza, kabla ya kuuliza bei na jina la chombo, na zahanati isiyokuwa nao waiache.