Barzakhi ya Walio Hai

Ndugu msomaji, neno barzakhi kila mtoto wa chuoni analijua: ni kizuizi baina ya mauti na kufufuliwa, na aliyeingia humo harudi. Basi niliposikia kuwa mtu wa Lithuania, huko Ulaya, ametengeneza senema na kuipa jina hilo, nilikunja uso, nikaitazama kwa nia ya kuikosoa.

Mtu huyo ni Mantas Kvedaravičius, aliyezaliwa mwaka 1976, mtaalamu wa elimu ya mila za watu aliyesomea Cambridge. Senema yake hiyo, Barzakh, ilitoka mwaka 2011. Aliipiga Chechnya, nchi iliyo chini ya Urusi, ambayo watu wake ni Waislamu wa madhehebu ya Shafii kama sisi, nayo imepigwa na vita viwili tokea mwaka 1994. Huko watu walichukuliwa wasionekane tena. Senema haionyeshi mizinga, inaonyesha waliobaki. Huyu anakwenda kwa wapiga ramli, yule kwa mawakili wa nchi za nje, na mwingine humwona mtu wake ndotoni tu.

Nina makosa mawili ya kumtajia. Kwanza, barzakhi ni ya maiti. Kuwapa walio hai ni kulitoa neno mahali pake. Pili, ramli inapita mbele ya macho yetu bila ya kukemewa, na kijana asiyejua atadhani ni mlango mmojawapo wa haki. Ramli haijamrudisha mtu.

Hata hivyo, haki isemwe. Fuqaha wetu walimjadili mafqudi, yaani aliyepotea asijulikane yu hai au amekufa, zamani kabla ya senema kuzaliwa. Kwa Imamu Malik mke wake hungoja miaka minne, kisha hukaa eda. Kwa kauli inayotegemewa kwetu Mashafii, hungoja mpaka ithibitike kuwa mume amekufa au amemwacha. Mali hairithiwi mpaka kifo kithibitike au kadhi ahukumu. Hana eda, hana matanga, hana kaburi la kuzuru. Si mjane, wala si mke mwenye mume. Tuliite nini jambo hili? Mtu wa Lithuania ameliita barzakhi, nami sikupata neno bora la kumpa badala yake.

Sisi wa pwani tunaonja uchungu huu bahari inapochukua mtu na maiti asirudi. Lakini bahari haijui ilichofanya. Huko Chechnya aliyemficha mtu anajua, naye amenyamaza.

Baadaye Kvedaravičius alipiga picha Mariupol, mji wa Ukraine, akatoa Mariupolis mwaka 2016. Mwaka 2022 alirudi huko mji ukiwa umezingirwa, akauawa. Wakuu wa Ukraine walisema askari wa Urusi walimkamata, kisha wakamuua. Mchumba wake, Hanna Bilobrova, aliitoa maiti yake pamoja na picha alizopiga, zikawa Mariupolis 2, iliyoonyeshwa Cannes Mei mwaka huo. Humo wanaume wanachukua jenereta uani, na maiti wamelala pale pale. Aliyewaonyesha wasio na makaburi, nusura naye alikose lake.

Ndugu zangu, kumzika maiti ni faradhi ya kifaya. Basi kusema alipo ni amana, na mwenye kujua akanyamaza amewazika walio hai.

Wabillahi taufiki.