Mzinga Upi?

Katika vita vya 1978–1979, raia wa Uganda waliyaita "Saba Saba" makombora ya majeshi ya Tanzania. Kwetu Saba Saba ni tarehe 7 Julai, siku ilipozaliwa TANU mwaka 1954. Mfasiri asiyeyajua hayo ataandika sikukuu mahali palipo kilio.

Neno "kifaru" halina taabu: mnyama ni "huyu", chombo cha vita ni "hiki", upatanisho wa kisarufi huamua. Taabu imo katika "mzinga". Wa nyuki ni "huu", wa vita nao "huu". Tangazo la kuwataka wakazi wa Susuni "waandikishe mizinga" litamtia mrina asali hofu bure. Kamusi hutaja maana zote mbili, lakini hazitahadharishi. Napendekeza nyaraka za serikali ziandike daima "mzinga wa nyuki", ijapokuwa mrina mwenyewe atatucheka.