Mamadou na Bahuma

Julai 2013, uvumi ulipoenea Goma, mashariki mwa Kongo, kwamba Kanali Mamadou Ndala ameitwa Kinshasa, watu waliingia barabarani kupinga. Raia kuandamana ili kamanda asihamishwe! Na hiyo ilikuwa miezi minane tu tangu waasi wa M23 waingie mjini, tarehe 20 Novemba 2012, jeshi la Kongo likirudi nyuma kuelekea Sake na Minova.

Mamadou aliongoza batalioni ya 42 ya makomando, na ufundi wake ulikuwa kuwepo. Filamu ya Daniel McCabe, This Is Congo, inamwonyesha huko huko mbele, kati ya vijana wake. Askari anayemwona mkuu wake juu ya mawe ya volkeno, mahali pale pale risasi zinapopita, hahitaji hotuba. Raia nao alijua kuwatuliza. Ndiyo maana walimpenda.

Jenerali Lucien Bahuma, mkuu wa Mkoa wa 8 wa kijeshi, hakuimbwa hivyo. Ili kuiona kazi ya upande wake, tazama ramani ya mwisho wa Oktoba 2013, jeshi lilipowashambulia M23 kaskazini mwa Goma. Barabara ya Goma kwenda Rutshuru ni moja, na vilima vinaitazama kutoka juu. Kuipanda kutoka kusini peke yake kungemwaga damu nyingi. Jeshi lilisukuma kutoka kusini, likachukua Kibumba, na siku hizo hizo likashuka kutoka kaskazini, kupitia Mabenga hadi Kiwanja. M23 wakawa wanapigwa pande mbili. Rumangabo ikaachwa, Bunagana ikakombolewa tarehe 30, na kufikia tarehe 5 Novemba vilima vya Chanzu na Runyonyi vilikuwa mikononi mwa jeshi. Shambulio la namna hiyo linataka saa: wa kaskazini wakichelewa, wa kusini wanabeba vita vyote. Linataka risasi, mafuta na chakula vitangulie, tena kusikilizana na brigedi ya MONUSCO, kikosi cha Umoja wa Mataifa, ya Watanzania, Waafrika Kusini na Wamalawi, chini ya Jenerali James Mwakibolwa. Kazi hiyo haipigwi picha, nami naistahi sana. Hata Novemba 2012 askari hodari walikuwepo. Mpangilio ndio uliokosekana.

Mamadou aliuawa karibu na Beni tarehe 2 Januari 2014. Bahuma alifariki kwa ugonjwa Agosti mwaka huo huo, Afrika Kusini. Wanaofundisha maafisa vijana wawasimulie habari za wote wawili, si za Mamadou peke yake.